Mshindio

Ensio alisema tutupe.
Alikodi gari la taka, akaliegesha uani,
na kabati la mama likawa wazi milango yote miwili
kama mtu aliyeambiwa na daktari afungue shati.

Mimi nikachukua mkasi.

Shuka za kitani zenye herufi alizozitarizi
kabla hajaolewa, uzi umeshapauka: chana.
Pazia la jikoni, la machungwa makubwa makubwa,
la mwaka ule umeme ulipofika hata zizini: chana.
Mashati ya baba, kola zikageuzwa upande wa pili
zikavaliwa tena mpaka na upande huo ukaisha:
chana, ila polepole,
maana nguo iliyovaliwa miaka thelathini
haipigi kelele ikichanika.
Inapumua tu.

Pajama ya hospitali ilirudi nyumbani ndani ya mfuko.
Baba hakurudi.
Kitambaa cha meza ya Krismasi, na doa la bitiruti
alilomwaga shangazi Impi, akalia,
mama akacheka mpaka akashika ukuta.
Upana wa vidole viwili, alinifunza, usizidishe,
zulia lisije likawa na matuta kama njia ya ng'ombe.

Darini mwa sauna nikakuta kikapu:
madonge kumi na manne, kila moja limebanwa kwa pini.
Moja jekundu.
Sikuhitaji kulifungua.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja.
Gauni langu la maua meupe, Jumamosi limeanikwa kambani,
Jumapili halipo.
Upepo, alisema mama. Upepo wa ziwani hauna adabu.
Nikalitafuta mateteni siku mbili, viatu vikaoza.
Kumbe muda wote lilikuwa hapa, juu ya kichwa changu
nilipokuwa naoga,
limekatwa vidole viwili viwili,
kwa sababu lilianza kunibana kifuani
na yeye hakujua aniambieje.

Nikafunga mtande, nyuzi nyeusi za pamba.
Kanyaga, pitisha, gonga.
Baba kando ya pazia. Pazia kando ya machozi ya Impi.
Hapa nilisinzia nikagonga vibaya; nimepaacha.
Jekundu sikulipa katikati.
Nililiweka ukingoni kabisa, karibu na pindo,
mahali ambapo hasira hukaa bila kusumbua watu.
Kanyaga, pitisha, gonga,
na nje theluji ikifunika matairi ya gari
ambalo mwenyewe alikuja kulichukua nusu tupu.

Machi, Ensio akaja.
Alivua viatu mlangoni, kama tulivyolelewa,
akapiga hatua tatu kwa soksi, akasimama.
"Hili ni pazia," akasema,
lakini macho yake yalikuwa dirishani.
Akasogea nusu hatua.
Hakutaja amekanyaga nini safari hii.
Alibaki palepale mpaka kahawa ikapoa.

Julai tumelibeba wawili hadi gatini,
sabuni ya msonobari, brashi ngumu, ndoo.
Jirani yetu Toini anasugua la kwake gati la pili,
anatukana mbu mmoja mmoja.
Maji yanatoka rangi ya chai, kisha ya kijivu,
kisha jekundu, baada ya miaka yote hiyo,
likaanza kutoa rangi
na kuingia katika weupe wa shuka za harusi.
"Limeharibika," akasema Ensio.
"Liache."

Wahenga walisema ukiona vyaelea, vimeundwa.
Hili laelea. Nami najua, ukanda kwa ukanda,
kilichochanwa.
Laelea kitambo, zito kama mtu aliyelala,
kisha laanza kuzama upande wa Impi,
na sisi wawili, magoti juu ya mbao zilizolowa,
tunavuta.